Mwenye Mafuriko

Kwa miaka thelathini na minne Narumi Tomekichi alikula wali kwa namna moja tu. Alimimina supu yote ya miso, ile ya soya iliyochachushwa, juu ya wali, akaliinua bakuli, na kabla hujavuta pumzi ya tatu bakuli lilikuwa limekauka. Hakuwa mlafi. Alikuwa mvuvi wa ngisi, na ndani ya mashua mtu anayetafuna ni mtu ambaye ngisi wake huvuliwa na jirani. Baba yake alikula hivyo, babu yake alikula hivyo, na baba wa babu yake, kwa mujibu wa habari za ukoo, alifariki akiwa na miaka tisini, bakuli mkononi, nalo likiwa tupu.

Kijiji chao kiliitwa Kazedomari, nacho kilikaa kwenye ncha ya nchi, mahali ambapo upepo huvuma mpaka watu wakizungumza barabarani huchagua kwanza nani asimame upande gani. Mbele yake ni mlango-bahari wa Tsugaru, na siku isiyo na ukungu kisiwa cha Hokkaido kilionekana ng'ambo, wazi kabisa, kama mkwe aliyesimama mlangoni. Kwa meli ilikuwa safari ya saa kadhaa na matapishi. Siku serikali ilipotangaza kwamba treni itapita chini ya bahari ile, wataalamu watatu wa mji mkuu waliandika kwamba jambo hilo haliwezekani, mmoja wao kwa michoro ya rangi. Watu wa Kazedomari hawakuwa na michoro. Walisema tu kwamba bahari haina tabia ya kuacha tundu likae bila kulijaza.

Ngisi walipopungua, Tomekichi akaenda kuomba kazi kwenye tundu hilo.

Alipokewa na nyapara Tanahashi, mtu mfupi mwenye shingo nene, aliyetoka Oita kule kusini, ambako wanaume wa ukoo wake walikuwa wamechimba mahandaki tangu enzi za tindo na nyundo. Nyapara alimkabidhi kitabu cha kanuni za usalama chenye kurasa arobaini, akamwambia akisome akipata nafasi. Kisha akamtajia kanuni tatu ambazo hazikuandikwa popote, na akamtaka azirudie kwa sauti. Usipige mluzi ndani ya handaki. Mwanamke asitie mguu humo, wala kitu chake, mpaka wachimbaji wa pande mbili za bahari wakutane, kwa kuwa Bibi wa Mlima, mungu wa wachimbaji, ana wivu. Na usimimine supu juu ya wali, si kambini, si nyumbani, kwa kuwa linalotokea bakulini ndilo litakalotokea handakini: maji yanashuka, kilichosimama kinaporomoka.

Tomekichi akauliza, kwa heshima zote, kama Bibi wa Mlima ana mamlaka na huku baharini.

"Chini ya bahari kuna nini?" akauliza nyapara.

"Mwamba."

"Na mwamba ni nini? Ni mlima uliolowa. Mwingine mwenye swali?"

Hapakuwa na mwingine. Tomekichi alikuwa peke yake.

Tangu siku hiyo akajifunza kula upya, mwanamume mzima mwenye mvi mbili tatu. Wali huku, supu kule, vijiti katikati kama mtu anayevusha abiria. Mkewe Kinue, mwanamke mwembamba aliyefanya kazi ya kuanika mwani na hakuwa na muda wa miungu, alimtazama wiki ya kwanza akasema anakula kama bwana harusi. Baba yake, Mzee Yosaburo, alitazama mara moja tu, akageukia ukuta. Mzee alikuwa na maoni yake kuhusu handaki, nayo hayakuwa mengi: kwamba mwanawe wa mwisho ameacha kazi ya kukaa juu ya samaki kama binadamu, akachagua kutembea chini yao wamwone utosi.

Lakini Tomekichi aliipenda kazi ile, na hilo lilimshangaza yeye kuliko mtu yeyote. Alianza kwa kusukuma vigari vya mawe. Akahamia kwenye pampu. Watu wa kijiji walikomea hapo; kikosi cha mbele, kile kilichotoboa mwamba wenyewe, kilikuwa cha wageni tu, watu wa ukoo wa nyapara na wenzao, waliohama kutoka handaki hadi handaki kama wengine wanavyohama nyumba za kupanga. Mwaka wa tisa, mtu mmoja wa mbele alipovunjika kiwiko akicheza besiboli, nyapara akamwita Tomekichi, akamtazama mikono, akamwambia kesho aje na glovu. Alikuwa mtu wa kwanza wa Kazedomari kushika mashine ya kutoboa pale mwisho kabisa wa handaki, mita mia mbili na arobaini chini ya uso wa bahari, ambapo mbele yako hapana kitu ila mwamba na nyuma ya mwamba Hokkaido.

Kuanzia hapo alitaka jambo moja tu duniani. Alitaka awe pale pale siku ukuta wa mwisho utakapotobolewa. Hakumwambia mtu, isipokuwa Kinue, ambaye alisema sawa, mradi asije akarudi na jiwe la ukumbusho kubwa kuliko kabati.

Sasa tuje kwenye ile asubuhi.

Ilikuwa Januari. Theluji ilikuwa imeziba mlango hadi nusu, Kinue alikuwa kwa dada yake aliyeumwa, na saa ya ukutani ilikuwa imesimama kwa baridi. Tomekichi aliamka, akatazama dirishani, akaona gari la wafanyakazi limekwisha washa taa pale chini barabarani. Wali ulikuwepo. Supu ilikuwepo. Mkono wake, uliokuwa na uzoefu wa miaka thelathini na minne dhidi ya mafunzo ya miaka tisa, haukumwomba ruhusa. Pumzi moja, mbili, tatu. Aliposhusha bakuli ndipo akaona alichofanya. Alilitazama kwa muda, kisha akalisuuza mara mbili, akakimbilia gari.

Saa nne na nusu asubuhi mwamba ulianza kutoa jasho. Saa tano jasho likawa mchirizi, mchirizi ukawa bomba, na bomba likamsukuma Tomekichi na mashine yake hatua nne nyuma. Nyapara alipuliza filimbi ya hatari, ambayo haihesabiwi kuwa mluzi, na watu kumi na wawili wakatembea haraka kwa utaratibu mzuri waliofundishwa kwenye ukurasa wa kumi na mbili, kisha wakakimbia kwa namna ambayo haikufundishwa popote. Hakuna aliyeumia. Mmoja alipoteza kiatu. Walijenga ukuta wa mifuko ya mchanga, maji yakaupita. Wakajenga wa pili, maji yakakaa nyuma yake yakitafakari. Ilipofika jioni mita mia tatu za handaki zilikuwa bahari.

Iliwachukua wiki sita kuyarudisha maji yalikotoka, kwa pampu na kwa saruji iliyosindiliwa kwa nguvu kwenye kila ufa. Mhandisi Amemiya, kijana mwembamba wa Tokyo mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, akawakusanya watu wa kikosi akawaeleza kilichotokea. Alikuwa na ramani. Alieleza kuhusu ukanda wa mwamba uliovunjikavunjika zamani kabla ya binadamu, kuhusu mgandamizo wa maji, kuhusu mahali ambapo vipimo vilipungukiwa. Wakamsikiliza kwa adabu, kama watu wanavyomsikiliza mgeni anayeimba wimbo wa kwao. Alipomaliza wakampigia makofi kidogo. Kisha wakatoka nje kuulizana ni nani.

Kwa maana katika fani ile mafuriko hayatokei hivihivi. Kila mafuriko yana mwenyewe.

Shida haikuwa maji tena, yalikuwa yamekwisha zibwa. Shida ilikuwa watu. Kikosi kilichotoboa mita tano kwa siku sasa kilitoboa moja. Mtu alishika mashine huku shingo imegeuka nyuma. Kila tone lililodondoka kofiani lilisimamisha kazi. Kwenye jiko la kambi watu walikula polepole wakichunguliana mabakuli, na mtu aliyeegemeza mkono karibu na supu ya mwenzake aliombwa auondoe. Hawakuwa waoga hata kidogo. Walikuwa mafundi wanaojua kwamba mitambo ina kasoro na kasoro haijapatikana.

Tomekichi alimweleza mkewe siku ya tatu baada ya mafuriko. Kinue alimsikiliza mpaka mwisho akiendelea kukunja mwani.

"Kama bakuli lako linaweza kuleta bahari," akasema, "nenda wizara ya kilimo. Wana mashamba yanakauka kule."

"Nasema kweli, Kinue."

"Na mimi nasema kweli. Hao wenzako walikaa chini ya bahari wakaichokoza na vyuma kwa miaka tisa, halafu ikija wanashangaa nani kaialika."

Hilo lilikuwa na mantiki, lakini halikumsaidia. Mtu anaweza kujua kwamba jambo si kweli na bado likamkosesha usingizi. Tomekichi hakuwa na hakika hata kama analiamini. Alikuwa na hakika tu kwamba nyapara analiamini, na kwamba siku nyapara akijua, atarudishwa kwenye pampu, na ukuta wa mwisho utatobolewa na mtu mwingine.

Kwa hiyo alinyamaza. Akanyamaza wiki saba. Na pengine angenyamaza mpaka leo, kama lawama isingemwangukia Magome.

Magome alikuwa kijana wa kikosini, mrefu, mwenye koo la ndege. Huko juu ardhini alipiga mluzi akifua, akinyoa, akisubiri gari. Hapakuwa na aliyemsikia akipiga ndani ya handaki, lakini watu walianza kusema kwamba mdomo haujui mipaka. Kwanza walisema kwa utani. Baadaye waliacha kukaa naye. Mwisho nyapara Tanahashi, aliyekuwa akipigiwa simu na wakubwa kila asubuhi kuulizwa kwa nini mita moja, akaamua kwamba Jumamosi baada ya kazi ataumaliza mjadala.

Mambo mazito kambini yalisemwa bafuni. Ilikuwa desturi, na hoja yake ilikuwa nzuri: mtu asiye na nguo hana mahali pa kuficha kitu. Jumamosi hiyo kikosi kizima kilikuwa kwenye birika kubwa la maji ya moto, vichwa kumi na viwili juu ya mvuke, vitaulo utosini. Mhandisi Amemiya naye alikuwepo, amechuchumaa pembeni kwenye kigoda anajisugua mgongo, kwa sababu bafu la wahandisi lilikuwa limeganda. Nyapara akakohoa. Akasema amefikiri sana. Akasema hana chuki na mtu. Akasema Magome kuanzia Jumatatu atahamia juu, kwenye stoo ya taa na makoti ya mvua, na kwamba stoo ni kazi ya heshima.

Magome alishusha kidevu mpaka maji yakafika mdomoni.

Tomekichi alimtazama, na akajikuta amesimama. Kusimama katika bafu la Kijapani si jambo linalofanywa wakati wa hotuba, kwa hiyo kila mtu alimtazama yeye.

"Mwache Magome, nyapara," akasema. "Ni mimi. Nilimimina."

"Ulimimina nini?"

"Supu."

"Juu ya nini?"

"Juu ya wali, nyapara. Asubuhi ileile."

Tone la maji lilidondoka kutoka darini na likasikika.

"Yote?" akauliza nyapara kwa sauti ya chini.

"Bakuli zima."

Tomekichi alitegemea hasira, au kicheko, na alikuwa amejiandaa kwa vyote viwili. Hakujiandaa kwa Magome, aliyeinuka kutoka majini kama mtu aliyeibiwa.

"Kaka Tomekichi, usiniingilie. Haya mafuriko ni yangu."

"Vipi yako?"

"Nilipiga mluzi. Kwenye kigari, tunashuka, siku hiyohiyo. Wimbo mzima, na kiitikio, magurudumu yakaumeza." Akawageukia wengine. "Nimelala nayo wiki saba, nimeikubali stoo, nimekwisha mwandikia mama kwamba nimekosa. Leo huyu anakuja na supu."

Sasa hapa ndipo mambo yalipoharibika, au yalipotengenea. Mzee Kasamatsu, mtoboaji mkongwe kuliko wote, aliyekuwa amefumba macho watu wakidhani amelala, akasema bila kuyafumbua kwamba wote wawili wanajisumbua. Binti yake wa nne alizaliwa siku moja kabla ya mafuriko. Mtu ambaye mkewe amejifungua hukaa nyumbani siku tatu bila kuingia handakini, hilo hata vigari vinalijua. Yeye hakukaa hata moja.

"Kwa nini, Mzee?" nyapara akauliza, na sauti yake ilikuwa ya maumivu.

"Mama mkwe alikuwa amekuja."

Watu wa birikani walinung'unika kwa kuelewa. Kisha mwingine akakiri kwamba kwa baridi ya Januari ile alikuwa akivaa soksi za mkewe ndani ya buti, za sufu, za rangi ya waridi, na kama kitu cha mwanamke hakitakiwi basi yeye alikuwa ameingiza viwili kila siku. Mwingine alikuwa amekiuka jambo ambalo hata nyapara hakulijua kuwa ni mwiko, lakini alisema kwao ni mwiko mkubwa, na akaomba lihesabiwe. Dakika kumi baadaye watu saba walikuwa wanagombea mafuriko hayohayo, na wale watano waliobaki walionekana wanyonge, kama wasio na ukoo.

Ndipo mhandisi Amemiya akageuka kwenye kigoda chake, povu masikioni.

"Samahani," akasema. "Hivi supu juu ya wali ni mwiko?"

Vitaulo kumi na viwili vikamgeukia.

"Mimi hula hivyo kila asubuhi. Tangu nimefika. Ni kwa ajili ya haraka." Akafikiri, na kwa kuwa alikuwa mtu wa hesabu, akahesabu. "Miaka sita, siku mia tatu za kazi kwa mwaka. Kama mabakuli elfu moja mia nane. Mafuriko mara moja." Akavua miwani akaifuta, jambo ambalo mahali pale halikuwa na faida. "Uwiano wake si wa kushawishi."

Nyapara Tanahashi alizama majini mpaka kikabaki kitaulo. Alipotoka alikuwa amezeeka na ametulia. Wengine walitumaini, nadhani, kwamba atasema basi yote ni upuuzi. Hakusema hivyo. Watu waliochimba vizazi vitano hawabadili sheria kwa sababu ya hesabu ya mtu mwenye povu masikioni.

"Basi huyu Bibi," akasema polepole, "ametuvumilia kuliko nilivyojua."

Akaeleza fikra zake. Mwanamke akivumilia mara elfu moja mia nane, ya elfu moja mia nane na moja akakasirika, lawama si ya yule wa mwisho peke yake. Ni ya nyumba nzima.

"Niende juu?" Tomekichi akauliza. Bado alikuwa amesimama.

"Keti, unatia baridi. Nikikutoa wewe nimtoe na Magome. Nimtoe na Kasamatsu. Nimtoe mhandisi. Nitabaki na nani? Mimi na zile soksi?"

Lakini kosa lina malipo, na kwa kuwa Tomekichi ndiye aliyefungua mdomo kwanza, malipo yaliangukia kwake. Kwao Oita, alisema nyapara, Bibi wa Mlima akikasirika huletewa samaki anayeitwa okoze, samaki wa mawe, mwenye sura mbaya kupita samaki wote. Bibi mwenyewe si mzuri wa uso, na ndio chanzo cha wivu wake wote. Akimwona aliyemzidi kwa ubaya, hucheka, na akicheka husamehe. "Wewe ni mvuvi. Niletee okoze kabla ya Jumatano. Ukimleta unarudi mbele na mashine yako. Usipomleta, utakaa kwenye pampu mpaka treni ipite."

Tomekichi akasema sawa, nyapara. Hakusema kwamba okoze ni samaki wa maji ya joto, na kwamba katika mlango-bahari wa Tsugaru, mwezi wa pili, ungeweza kuvua ng'ombe kabla hujavua okoze.

Jumapili asubuhi alikwenda kwa baba yake. Hakuwa na matumaini. Mzee Yosaburo alikuwa ameketi karibu na jiko la mafuta, anashona wavu ambao hakuwa na mpango wa kuutumia. Tomekichi akamsimulia yote: bakuli, maji, bafu, samaki. Mzee alishona. Mwanawe alipofika kwenye supu tu ndipo akainua macho, akasema vizazi vinne vya ukoo huu vimemimina na hakuna mashua iliyozama.

"Ilizama ya mjomba, Baba."

"Mjomba wako alikuwa hapendi supu." Akarudi kwenye wavu. "Huyo okoze ni kitu gani?"

"Samaki wa kusini. Wanasema ndiye mbaya kuliko wote."

Sindano ikasimama.

"Mbaya kuliko kajika wetu?"

"Ndivyo wanavyosema."

Mzee Yosaburo hakuwa amelisemea handaki neno jema kwa miaka tisa, na wala hakulisemea siku hiyo. Aliondoka tu pale jikoni, akachukua koti la mpira msumarini, akauliza kwa nini mwanawe bado amekaa.

Walikuwa baharini kabla chai haijapoa, theluji ikipita ubavuni, mzee usukanini na umri wake wa miaka sabini na sita. Kajika ni samaki wa huko, anakaa kwenye mawe ya chini. Kichwa kikubwa kuliko mwili, mdomo wa kupokea simu mbili, miiba isiyo na mpango, ngozi kama kitu kilichosahauliwa mvuani. Tomekichi alivua kumi na mmoja. Baba yake alimchunguza kila mmoja kama mtu anayechagua mke wa mwana. Huyu ana macho ya huruma, rudisha. Huyu amekaa vizuri mno. Huyu amefanana na shangazi yako, Bibi wa watu atadhani tunamchezea. Wa kumi na mmoja alipotoka majini, mzee alivua kofia.

Jumatatu mchana, mbele ya kibanda kidogo cha mbao cha Bibi wa Mlima kwenye mlango wa handaki, palipokuwa na chupa ya sake, pombe ya mchele, na mishumaa miwili inayogombana na upepo, kikosi kizima kikasimama kwa mstari. Mzee Yosaburo aliibeba ndoo mwenyewe, akaiweka miguuni mwa nyapara. Nyapara akainama.

"Huyu si okoze."

"Siyo," akasema Tomekichi. "Ni kajika. Ni wa hapa."

"Nilisema okoze."

Mzee Yosaburo hakuwahi kuzungumza na nyapara, ila alikuwa amemsema sana. "Bwana," akasema, "huyo Bibi wenu, humu ndani ni mwenyeji au mgeni?"

"Mwenyeji."

"Basi mgeni anamjua wa nini? Mwonyeshe mbaya anayemfahamu. Huyu wamekuwa wakionana kila siku, yeye chini, huyu juu yake. Tazama vizuri halafu useme."

Nyapara Tanahashi akapiga magoti theluji ikampiga usoni, akamtazama samaki, na samaki, aliyekuwa bado hai, akamtazama yeye. Ilichukua muda. Wanaomfahamu walisema baadaye kwamba uso wake ulipita kwenye hatua kadhaa: shaka, ubishi, kumbukumbu ya nyumbani, na mwishowe huzuni ya mtu aliyeona bingwa wa kijiji chake akishindwa kwa haki.

"Ni mbaya," akakiri.

"Asante," akasema mzee.

Samaki akawekwa kwenye sinia mbele ya kibanda. Wakapiga makofi mawili, wakainama, mhandisi Amemiya akainama kuliko wote. Kitu gani Bibi alifanya hakijulikani, lakini Magome alianza kucheka kwanza, puani, kisha Mzee Kasamatsu, kisha wote, hata nyapara, wakicheka mbele ya sinia mpaka mishumaa ikazimika. Alasiri ile walishuka, na wakatoboa mita tano na nusu. Mhandisi aliandika kwenye taarifa yake kwamba kasi imerejea kutokana na mbinu mpya ya kusindilia saruji. Samaki hakumtaja, upungufu ambao kikosi kiliuona na kumsamehe, kwa kuwa ni kijana.

Tomekichi alikuwa mbele, mashine mikononi, glovu zilezile.

Alikaa hapo miaka minne zaidi. Maji yalikuja tena mara mbili, kwa kiasi, na kila mara Mzee Yosaburo alitumiwa ujumbe kabla ya mhandisi. Mzee alianza kusema "handaki letu", kwanza akiwa amelewa, baadaye akiwa mzima.

Asubuhi moja ya Februari, saa nne na dakika chache, ncha ya chuma ya Tomekichi ilipita kwenye mwamba ikakosa mwamba. Alihisi begani kabla ya kuelewa: kile kitu kilichompinga kwa miaka kumi na mitatu hakikuwepo. Akairudisha mashine taratibu. Palibaki tundu la kupenya ngumi. Upepo ukatoka humo, upepo wa kweli, uliotoka Hokkaido kwa njia ambayo upepo haujawahi kupita, na ulinuka sigara. Nyapara Tanahashi, aliyekuwa ameona mahandaki tisa yakikutana, alimgusa mgongoni akamsogeza karibu na tundu, kwa kuwa neno la kwanza ni la aliyetoboa.

Kwa miaka yote hiyo Tomekichi alikuwa ameandaa la kusema. Lilikuwa na bahari ndani yake, na mababu, na neno "kizazi". Akaweka mdomo kwenye tundu, na likampotea lote.

Ng'ambo ya pili mtu akawahi. Sauti ya mtu mzima, ya lafudhi ya kaskazini, isiyo na haraka.

"Mmechelewa."

Tomekichi akayakumbuka maji yaliyokuja mara tatu bila kualikwa.

"Tulikuwa na wageni," akasema.